Imelia Mara Mbili

Nikiulizwa kazi yangu ni nini, jibu hutegemea anayeuliza. Kwa mwenye nyumba wangu hapa Kileleshwa mimi ni "mtu wa TV", ingawa sijawahi kuajiriwa na kituo chochote. Kwa shangazi zangu kule Ukambani mimi ni yule anayekuja na kamera kwenye mazishi, na wameshazoea kunivuta kando na kuninong'oneza nani asionekane kwenye picha kwa sababu alikuwa hasemezani na marehemu. Kwa madaktari wa mifugo wa Dagoretti mimi ni yule mama wa gambuti anayewapigia filamu za usafi wa kichinjio bila kuzimia.

Wote hawakosei. Nimetengeneza filamu za makala kuhusu nyuki, mabomba ya maji, kwaya, uchaguzi, ndoa za mitala, na jinsi ya kunawa mikono. Ya kunawa mikono nimeifanya mara nne. Nimeandika, nimepiga picha, nimerekodi sauti, nimehariri, nimesoma maelezo kwa sauti yangu pale msomaji alipokosa kufika, na siku moja nililala kitandani nikaigiza mgonjwa kwa sababu mgonjwa halisi aliyekubali kupigwa picha alikuwa amepona mapema.

Watu huita hicho kipaji. Mimi nakiita kutojua kukataa. Ukijua kila kitu utaitwa kumsaidia kila mtu, na jina lako litaandikwa mwisho kabisa, kwa herufi za kuwatesa wenye miwani. Kwa zaidi ya miaka ishirini nilitengeneza filamu za watu. Yangu mwenyewe, hata moja, sikuwa nayo. Mganga hajigangi, wanasema, na nilijifariji kwa methali hiyo mpaka ikachakaa.

Aliyenikera kuhusu jambo hilo alikuwa fundi wa kamera, mzee wa kilemba aliyejiita mwenyewe Kalasinga wa mwisho wa ngazi. Karakana yake ilikuwa orofa ya kwanza ya jengo kuukuu katikati ya jiji, karibu na mtaa wa maduka ya nguo, na baba yake ndiye aliyeifungua. Sote tulimwita Fundi. Mara ya kwanza nilipopanda ngazi zile nilikuwa msichana wa kubeba nyaya, nimetumwa na ofisi kupeleka kamera iliyogoma. Hakuifungua mara moja. Aliiweka sikioni kama mtu anayepokea simu, akaiwasha, akaizima, akaiwasha tena.

"Sikia," akaniambia, akiisogeza kwenye sikio langu.

"Sisikii kitu."

"Hiyo ndiyo shida yako. Hii kitu inaongea, wewe unaiangalia tu."

Ilikuwa chembe ya mchanga kwenye gurudumu dogo la ndani. Aliitoa kwa sindano. Kabla ya kunikabidhi kamera aliifuta lenzi kwa kitambaa cha manjano, akanitazama juu ya miwani na kuuliza, "Hii ni yako?"

"Hapana, Fundi. Ni ya ofisi."

Basi akaiinamia ile kamera na kuiambia, kamera, si mimi: "Haya, enda kazi. Usisumbue huyu msichana. Yeye si mwenyewe, anabeba tu."

Nilicheka hadi nikashikilia meza. Baadaye nikagundua kwamba hivyo ndivyo alivyoaga kila kamera aliyoitengeneza. Aliitajia mwenyewe na kuionya isimsumbue. Na kila nilipokwenda, mwaka baada ya mwaka, na kamera za mashirika, za makanisa, za marafiki, aliniuliza swali lile lile. Hii ni yako? La, Fundi, ni ya kukodi. La, Fundi, ni ya mradi. Kicheko changu kilipungua kila mwaka. Nilipofika umri wa kuwa na mvi nilikuwa nikilijibu swali hilo nikitazama dirishani.

Jambo jingine alilonifundisha ni kuziba taa. Mbele ya kamera nyingi kuna kitaa chekundu kinachowaka ikiwa inarekodi. "Weka utepe mweusi hapo," aliniambia. "Mtu akiona nyekundu anaanza kuongea kama chifu." Ni kweli tupu. Tangu siku hiyo kamera yoyote iliyopita mikononi mwangu ilizibwa kile kitaa, na watu wamenieleza mambo ya ajabu. Lakini mtaona ushauri huo ulivyokuja kuniponza.

Mwaka jana jengo liliuzwa. Mwanawe Fundi, anayeishi ng'ambo kwenye nchi ya theluji, alikuja kumchukua. Niliposikia, niliamua jambo ambalo nilikuwa nikiliahirisha tangu ujana: nitatengeneza filamu yangu, bila ofisi, bila mradi, na itakuwa ya Fundi. Nilinunua kamera ya mtumba, ya kwanza kabisa kuwa yangu, nikaitia utepe mweusi. Fundi alikubali kwa sharti kwamba iwe asubuhi ya siku ya safari, kwa kuwa siku nyingine zote alikuwa akipakia. Jioni angepanda ndege. Kwa hiyo nilikuwa na asubuhi moja tu. Niliijua nafsi yangu vizuri: nikiikosa hii, sitathubutu tena. Nitazeeka nikifundisha wanakijiji kunawa mikono.

Asubuhi hiyo nilipanda ngazi nimeikumbatia kamera, kisimamio cha miguu mitatu kikining'inia begani. Karakana ilikuwa tupu, isipokuwa meza, viti viwili na masanduku. Niliiweka kamera mezani mbele yake taratibu, nikangoja. Nilikuwa nimejiandaa tangu Kileleshwa. Ningejibu, "Ndiyo, Fundi, ni yangu," na ningemtazama machoni nikisema.

Hakuuliza. Aliitupia jicho kamera, akanitupia mimi, akasema chai iko tayari. Niliumia, sifichi. Miaka yote ile aliuliza nikiwa sina jibu, na siku niliyo nalo ananipa kikombe.

Nilifunga kamera kwenye kisimamio, nikabonyeza kitufe kupima mwanga, kama nifanyavyo siku zote. Nikaenda kuchukua chai. Nikarudi, nikavaa hedifoni ili nisikie kinasasauti vizuri, nikasukuma miwani kichwani kwa sababu nikiivaa simwoni ninayezungumza naye, nikakaa kando ya kamera. "Tunaanza, Fundi," nikasema, nikabonyeza.

Alikuwa amevaa koti. Alitoa karatasi mfukoni, akaikunjua, akaanza kusoma Kiingereza kilichonyooka kama mwanafunzi siku ya wazazi: historia ya familia, mchango wa jamii yao katika biashara, shukrani kwa nchi. Ilikuwa imeandikwa na mwanawe.

"Fundi, hebu weka karatasi," nilimsihi.

"Kijana yangu ameandika vizuri sana," akajibu, akaendelea.

Mara tatu tulisimama. Kwanza seremala wa chini alianza kugonga misumari, nikabonyeza kitufe kuzima, nikainamisha kamera, tukangoja amalize. Halafu chai ya pili. Halafu koo lake likakauka. Na kila tuliposimama, Fundi aliikunja karatasi na kuwa Fundi. Alisimulia vitu ambavyo sijawahi kuvisikia, kwa Kiswahili chake kile cha mjini, huku akitembea huku na huku akigusa kuta. Mikono yangu ilikuwa ikiniwasha. Lakini kila nilipokinyooshea kidole kitufe, yeye alirudi kitini na kuikunjua karatasi. Nilidhani ni woga wa kamera. Nikamwambia, "Fundi, hiyo hadithi nzuri, irudie sasa hivi," naye akatabasamu na kusoma aya ya tatu.

Tulipomaliza nilibonyeza kitufe kwa mara ya mwisho, nikaiweka kamera mezani, nikashuka na kisimamio kukifunga kwenye bodaboda iliyoningoja. Niliporudi kuichukua kamera Fundi alikuwa dirishani, mikono nyuma. Nikazima swichi. Tuliagana kwa kushikana mikono kwa muda mrefu, na nikashuka haraka ili asinione nikilia.

Alasiri hiyo nilikuwa Dagoretti, kwa kadi nyingine na kamera ya wenyewe, nikipiga picha visu vikichemshwa. Nilikuwa na furaha hata daktari mmoja akaniuliza kama nimeposwa. Mahojiano ya karatasi hayakuwa mazuri, lakini uso wa Fundi ulikuwepo, sauti yake ilikuwepo, na mimi ni mhariri. Nimeshawahi kumfanya mbunge aonekane ana huruma.

Kesho yake asubuhi nilifungua kadi nyumbani. Kulikuwa na vipande vitano, vyote vifupi. Nikafungua cha kwanza, nikaona kikombe changu na sehemu ya ukuta. Cha pili, sakafu. Cha tatu, viatu vya Fundi na ncha ya kitambaa. Cha nne, dari. Cha tano nilikifungua kidogo tu, nikaona weusi mtupu, nikafunga.

Nilielewa upesi, kwa sababu ni kosa letu sisi tunaofanya kazi peke yetu. Nilipopima mwanga, sikuzima. Niliposema "tunaanza", nilizima. Niliposema "tupumzike", niliwasha. Asubuhi nzima nilikwenda kinyume, na kitaa ambacho kingenionya nilikuwa nimekiziba kwa mkono wangu, kwa ushauri wa yule yule niliyekuwa nikimpiga picha. Alama kwenye skrini ningeiona, kama miwani haingekuwa kichwani. Mahojiano hayakuwepo. Fundi alikuwa angani juu ya bahari fulani.

Nilivua ndara nikairusha ukutani, kisha ya pili. Mlango ukagongwa. Alikuwa msichana anayefanya kazi nyumba ya jirani, ana ufagio mkononi.

"Auntie, uko sawa? Nimesikia vitu zikianguka."

"Niko sawa, mrembo. Ni mimi nimeanguka."

Alinichungulia kuanzia juu hadi chini, akaona nimesimama, akaenda zake akitikisa kichwa.

Maji yakimwagika hayazoleki. Niliitia kamera yangu kabatini, chini ya mashuka, nikapokea harusi mbili na filamu moja ya kunawa mikono, ya tano hiyo. Nilijiambia kwamba dunia imenijibu. Kuna watu wameumbwa kubeba. Huo ndio ulikuwa wakati mbaya, na ulidumu wiki nyingi, na sitaupamba.

Kisha Jumapili moja mchana simu ikalia, ya video. Ilikuwa Fundi, amevaa sweta mbili, nyuma yake dirisha jeupe pe.

"Filamu yangu iko wapi?" akauliza bila salamu.

Ningeweza kudanganya, nimedanganya wateja kwa madogo kuliko hilo. Lakini nikasema kweli. "Fundi, hakuna filamu. Niliharibu. Nilikuwa nikibonyeza kinyume. Nikidhani inarekodi, kumbe imezima."

Akaanza kucheka, simu ikatikisika mkononi mwake. "Najua," akasema.

"Unajua nini?"

"Kamera yako ikianza inalia mara moja. Ikizima inalia mara mbili. Wewe umesema tunaanza, mimi nasikia mbili. Wewe umeziba masikio na hizo vitu zako."

Damu ilinipanda. Nilimkaripia mzee wa watu kama mtoto. "Fundi! Ulisikia na ukanyamaza? Unajua nimelia vipi hapa?"

"Sikia kwanza," akasema, bila kukasirika. "Ile karatasi ni ya kijana yangu. Kijana akiandikia baba yake, baba anasoma, hiyo ni heshima. Lakini si maneno yangu. Mashine ikalia mbili, nikasema sawa, imechagua yenyewe. Ikilala, nasoma ya kijana. Ikiamka, naongea yangu. Si nimeongea?"

"Lakini nimeona, Fundi. Ni sakafu. Ni viatu. Ni dari."

"Na nani amekuambia uangalie?"

Nilikata simu bila kuaga vizuri, Mungu anisamehe. Niliitoa kamera chini ya mashuka, nikaunganisha kadi, nikatupa leso juu ya skrini, nikavaa hedifoni na kufumba macho.

Alikuwa humo. Kinasasauti nilikuwa nimekibana kwenye koti lake, na hakikuondoka pale mapumziko yote. Alikuwa akinisemesha mimi, na sasa nilijua kwamba alikuwa akiisemesha kamera pia, waziwazi, akijua iko macho. Alisimulia jinsi alivyovunja kamera ya baba yake akiwa mtoto, akaitengeneza kwa hofu, na baba yake akajua kwa sababu baada ya hapo ilifanya kazi vizuri zaidi. Alisimulia kuhusu maharusi waliokuja wakilia kwa kuwa filamu yao ilikwama ndani ya kamera, naye akaingia nayo chini ya blanketi ili mwanga usiichome, akatoka amelowa jasho na harusi yao mkononi.

Kisha akasimulia kuhusu mkewe. Skrubu za kamera ni ndogo kama punje za mtama, na zikianguka jicho halizioni. Mkewe alikuwa akivua viatu, akitembea karakana nzima pole pole, akizitafuta kwa nyayo. Hakukosa hata moja. Alipofariki, skrubu zilizoanguka zilipotea. "Juzi tumeondoa kabati," sauti yake ilisema, "chini yake ziko nyingi, kiganja kimejaa. Miaka yote hizo zilikuwa zinamngojea."

Nilitoa leso. Kipande kilikuwa cha pili, kile cha sakafu. Dakika nne za mbao zilizolika, mahali pale pale alipopita mama yule, na ukingoni viatu vya Fundi vikisogea taratibu, kama mtu asiyetaka kukanyaga kitu. Hata ningepewa watu kumi wa taa nisingeipata picha ile.

Nilihariri kwa wiki sita. Filamu ni ya dakika kumi na tisa. Ina sakafu, viatu, kikombe, dari, na sauti. Uso wa Fundi haumo. Ilipoonyeshwa kwenye ukumbi mdogo mjini, kijana mwenye ndevu za mtindo alisimama akaniuliza nilifikiaje uamuzi wa kijasiri wa kutoonyesha uso. Nilikaza sura nikamwambia kwamba ulikuwa uamuzi mgumu. Nyuma ya ukumbi, yule msichana wa jirani, niliyemwalika, alicheka peke yake, maana nilikuwa nimeshamsimulia habari za ndara.

Fundi na mwanawe waliitazama huko huko kwenye theluji. Niliogopa mwana angeuliza karatasi yake imekwenda wapi. Aliniandikia siku mbili baadaye, mistari mitatu tu. Alisema hakuwahi kujua habari za nyayo za mama yake, na kwamba sasa jioni baba yake anasimulia, naye haandiki chochote, anasikiliza.

Kipande cha tano hakimo kwenye filamu. Ni kile nilichodhani ni weusi mtupu, na kweli mwanzoni hakina picha, kwa kuwa kamera ilikuwa imelala kifudifudi mezani wakati nimeshuka kufunga kisimamio kwenye bodaboda. Kinaanza kwa hatua zangu zikipotelea kwenye ngazi. Halafu kiti kinavutwa. Kamera inainuliwa, mwanga unaingia ghafla, kisha manjano, manjano yakizunguka polepole: anaifuta lenzi.

"Haya," anasema Fundi. "Leo sikuuliza. Mimi nimeona akipanda. Zile za ofisi anashika na mkono moja, kama mfuko ya sukari. Wewe amekubeba kama mtoto mchanga. Basi nitauliza nini? Wewe ni yake." Kitambaa kinasimama. "Sasa enda kazi. Usimsumbue. Huyu ndiye mwenyewe."

Baada ya hapo ni hatua zangu zikipanda, na mlio wa swichi nikiizima.

Wiki ijayo naanza filamu ya pili, kuhusu wanawake wanaosuka nywele pale Kenyatta Market, ambao nao husikia mengi kuliko wanayoyaona. Asubuhi ya leo nilikwenda kuwasalimu. Kabla ya kutoka niliibandua kamera utepe mweusi, nikaufikiria, nikaurudisha. Hedifoni nikaivaa sikio moja tu. Nikaifuta lenzi kwa leso, nikaangalia kama mlango umefungwa nisije nikasikika na jirani, nikainama.

"Haya," nikaiambia. "Twende kazi. Usinisumbue."